Ilikufa Namna Gani, na Ilisema Nini?

Wewe unayesoma, umewahi kumtengenezea simu mtu aliyemuua baba yako?

Onema amewahi. Aliifungua, akaiondolea ugonjwa wake, akaiona ikifunguka tena, kazi imekwenda vizuri. Ndipo akajua amemhudumia nani. Kwa hiyo usianze kumhubiria habari za kusamehe. Sikiliza kwanza.

Kibanda chake kiko Kindu, karibu na gare ya treni, mahali reli inapopita kati ya nyumba kabla ya kuingia stesheni. Ni kibanda cha mbao chenye paneli ya jua juu ya bati, na benchi refu nje. Pembeni ya benchi hukaa Falone, muuza kredi za simu, chini ya mwavuli wake mwekundu. Mbele husimama pikipiki ya Kassim, ambaye asubuhi hubeba abiria na mchana huja hapo kubishana na kila aliyekaa.

Mafundi wa simu si wachache mjini. Kuna wa kubadilisha vioo, kuna wa betri, kuna wanaojua kufungua simu iliyofungwa bila kuuliza ilitoka wapi. Onema anajulikana kwa jambo ambalo wenzake wanalidharau: michezo inayokataa kufunguka. Mchezo wa magari unaogeuka duara linalozunguka bila kikomo. Mchezo wa mpira unaofika asilimia tisini na tisa na kukaa hapo hapo, kama mgeni aliyefika mlangoni akasahau alichofuata.

"Yaya Onema," Kassim humwambia, kama mtu anavyomwita kaka yake mkubwa, "wenzako wanatengeneza madaraja, wewe unatengeneza mipira ya uongo."

"Na wewe unabeba watu wa kweli na unawaangusha. Afadhali mimi."

Benchi hucheka. Onema naye hucheka, lakini kazi hiyo anaiheshimu. Mtu aliyebeba magunia bandarini tangu alfajiri ana haki ya kuendesha gari nusu saa, hata likiwa ndani ya kioo. Nchi hii imewanyima watu wake barabara. Iwanyime hata ya mchezo?

Wanaokuja ni wa kila aina. Kuna mchungaji mmoja wa mtaa wa Mikelenge ambaye huleta simu amefunga kwenye leso, akisema ni ya mtoto. Onema akiufungua mchezo, jina la mchezaji linatokea: PASTA SIMBA. Onema hufunga leso tena na kumrudishia. Jina ambalo mtu amejipa kwenye mchezo, huona Onema, ndilo jina analojiita moyoni.

Na kabla hajagusa simu yoyote, huuliza swali moja, kila mara kwa maneno yale yale: "Ilikufa namna gani? Na mbele ya kufa, ilisema nini?"

Wageni hucheka. Lakini swali lina kazi. Ukimwambia kwamba ilisema nafasi imejaa, atafuta zile video za harusi na matanga ulizorundika. Ukisema iliomba toleo jipya la mchezo, anajua simu yako imezeeka. Ukisema ilikaa kimya tu, ataangalia mega zako za mtandao kama hazijaisha. Mwenye simu alikuwepo ilipokufa, fundi hakuwepo. Basi fundi aulize.

Swali hilo hakulibuni yeye. Ni la baba yake, Papa Michel.

Papa Michel alikuwa mtu wa foni, ile redio kubwa ya kuita mbali, kabla simu za mkononi hazijafika mkoa wa Maniema. Foni yake ilikuwa sebuleni, waya wake umepanda mpaka juu ya mchikichi. Watu walipanga mstari uani wazungumze na ndugu zao wa Kalima, wa Kama, wa Lubutu. Alikuwa pia anatengeneza redio za majirani, na kila redio iliyoletwa aliiulizia hivyo: ilikufa namna gani, ilisema nini. Viatu vyake havikuwa na kamba. Alivifunga kwa waya wa shaba wa foni, akizungusha mara mbili na kusokota ncha kwa koleo, na mke wake, Mama Émilienne, alikuwa anamtania kwamba siku moja atapokea habari za Kisangani kwa miguu.

Mwaka 2002 Kindu ilizungukwa. Ndani ya mji walikuwepo askari walioushika. Porini walikuwepo wapiganaji waliowapinga. Katikati walikuwepo wenye mji, na njaa yao. Aliyevuka kwenda shambani, akirudi aliulizwa amempelekea nani habari. Wengine hawakurudi hata kuulizwa. Mashamba yalioza watu wakiyaona ng'ambo ya mto, na uani watu walipika majani ambayo zamani waliwapa mbuzi.

Foni ya Papa Michel iliruhusiwa saa mbili kwa siku, na kila saa kulikuwa na askari mahali fulani aliyevaa visikilizio masikioni, akiandika. Kwa hiyo watu wakajifunza kuficha maneno. Askari waliitwa mvua. Aliyekufa aliitwa msafiri. Kukimbia mji kuliitwa kwenda harusini. Ungesikiliza foni miezi ile ungedhani Maniema nzima inaoana ndani ya mvua. Hakuna aliyetaja kitu kwa jina lake.

Onema alikuwa na miaka kumi na minane. Siku moja baba yake alilala na malaria, naye akakaa kwenye foni badala yake. Foni alikuwa anaijua vizuri. Ila hakuwa ameijua ile hofu bado. Watu walipomaliza kuzungumza, alimwita shangazi yake aliyekuwa Kalima, na akasema lililokuwa tumboni mwake:

"Shangazi, njaa imetushika. Mutume mihogo. Hata gunia moja. Muipitishe njia ya mto, usiku, askari wasione."

Alisema mihogo kwa sababu alitaka mihogo. Lakini katika mji ambao kila neno lilikuwa limevaa nguo ya neno lingine, nani angeamini kwamba hili limekuja uchi? Askari mwenye visikilizio aliandika: mihogo, usiku, njia ya mto. Mkubwa wake akasoma: bunduki.

Walikuja asubuhi iliyofuata, tarehe sita mwezi wa nane. Onema aliwasikia kwenye lango, akapanda juu ya dari kupitia tundu la jikoni. Alilala juu ya mbao, uso kwenye vumbi la popo. Hakuona chochote. Alisikia tu.

"Komanda Radi," sauti ya askari ilisema, "foni njo ile. Ndiyo yenyewe."

Sauti nzito, ya taratibu, ikauliza: "Nani alisema mihogo?"

Papa Michel alikuwa hajapona. Onema alisikia kitanda kikilia, akasikia miguu. Kisha: "Ni mimi."

"Wewe?"

"Sauti ile njo yangu."

Akasikia pumzi za Mama Émilienne mlangoni. Papa Michel akaomba avae viatu, asitoke bila viatu kama mwizi. Sauti ile nzito ikacheka kidogo.

"Vaa, mzee, vaa. Sina haraka."

Na kweli walimngoja. Onema alisikia waya wa shaba ukizungushwa mara mbili, koleo likisokota ncha, mguu mmoja, kisha wa pili. Muda wote huo angeweza kushuka. Angeweza kusema: ni mimi. Hakushuka. Mlango ukafungwa, foni ikabebwa, na Papa Michel hakuonekana tena.

Vita vilipokwisha, mama na mwana walikwenda kwenye ofisi za serikali. Karani mmoja aliwaambia walete ushahidi. Mwingine akasema walete mwili. Hebu fikiria mtu anayekuomba umletee mwili wa mumeo, na kalamu iko mkononi mwake, na anatazama saa! Wakati huo huo waliokuwa na bunduki walikuwa wanabadilisha nguo, wakipewa vyeo, wakinunua viwanja.

Mama Émilienne alikataa matanga. Alikataa nguo nyeusi. Mtu akimwita mjane, alijibu, "Bwana yangu alitoka na viatu vyake. Munionyeshe mahali amevivua, njo nitalia." Hakulia miaka ishirini na miwili. Akazeeka, miguu ikavimba, na jambo moja tu alilotaka kabla ya kufa lilikuwa hilo: mahali.

Mwaka jana, mchana mmoja, mtu mnene mwenye kofia safi alikuja kwenye benchi. Falone alimpisha kivuli cha mwavuli. Wote walimjua: Papa Blaise, mnunuzi wa kasiteriti, mawe ya bati yanayochimbwa Kalima, aliyejenga nyumba ya orofa na ambaye kanisani hukaa safu ya kwanza. Alihamia Kindu miaka minne iliyopita. Alitoka wapi, hakuna aliyeuliza. Mtu akiwa na nyumba ya orofa haulizwi.

"Fundi," alisema, "muchezo wangu umekufa."

Onema alipokea simu. Ilikuwa ya zamani kidogo, imevaa ngozi nzuri. "Ilikufa namna gani, Papa? Na mbele ya kufa, ilisema nini?"

Papa Blaise alicheka kwa tumbo lote. "Ilisema saa yangu ni ya uongo!"

Akaeleza. Ulikuwa mchezo wa kupanga mawe ya rangi, matatu matatu, mpaka yapasuke. Alikuwa amefika ngazi ya elfu mbili mia mbili na kumi na nne. Mchezo unakupa maisha matano. Ukishindwa, yanapungua, na kupata mengine lazima ungoje nusu saa. Yeye hakungoja. Alikuwa anasogeza tarehe ya simu mbele, siku moja, mchezo unadhani kumekucha, unamjazia maisha mapya. Yakiisha, anasogeza tena. Amesogeza hivyo mpaka amefika mwaka 2031. Halafu akajaribu kurudisha tarehe ya kweli, mchezo ukamkamata.

"Umeiba maisha ya miaka saba, Papa," Kassim alisema, na benchi likaangua kicheko.

"Nisaidie tu, kijana," Papa Blaise alimwambia Onema. "Nirudishie maisha yangu. Tengeneza polepole. Sina haraka."

Kidole cha Onema kilisimama juu ya kioo.

Neno hilo watu wengi wanalisema. Alijiambia hivyo, akaendelea. Alirudisha saa ili ifuate mtandao, akasafisha takataka ambazo mchezo ulikuwa umelimbikiza, akauzima, akauwasha. Duara lilizunguka. Mawe ya rangi yakaanguka kama mvua, na katikati ya kioo yakatokea maandishi ya dhahabu ya kumkaribisha mchezaji kwa jina alilojipa: RADI.

Onema aliinua macho. Papa Blaise alikuwa anajifuta jasho, akimwambia Falone kwamba mwavuli wake ni mzuri. Sauti nzito. Ya taratibu.

"Mtandao ni mbovu leo, Papa," Onema alisema. "Uniachie simu. Kesho saa nane utaikuta."

"Kesho ni sawa." Akaondoka, kofia safi kichwani.

Onema alikaa na ile simu mapajani. Ngazi elfu mbili mia mbili na kumi na nne. Kulikuwa na kitufe kidogo chini, cha kufuta vyote, na kidole chake kilikuwa juu yake. Afute. Aone Komanda Radi akianza moja. Lakini hata kidole kiliona aibu. Uhai wa baba ulipwe kwa mawe ya rangi?

Alimwita Kassim ndani, akamweleza kwa maneno machache. Uso wa Kassim ulibadilika. Mjomba wake mwenyewe alipotea mwezi ule ule.

"Yaya, unipe dakika kumi. Mafuta iko kwenye tanki ya pikipiki, tairi iko nyuma ya nyumba. Tutamuchoma mbele ya orofa yake."

Usidhani Onema hakutaka. Alitaka. Aliuona moshi, aliisikia ile sauti ya taratibu ikipanda. Lakini akasema, "Nikimchoma, anaungua pamoja na jibu."

Jua lilikuwa halijazama alipofika nyumbani. Mama Émilienne alikuwa uani, miguu kwenye beseni la maji ya chumvi, akichagua mawe kwenye mchele. Alimsikiliza mwanawe hadi mwisho bila kuinua kichwa. Kisha akauliza jambo moja.

"Alisema namna gani wakati wa kuleta simu?"

"Alisema, sina haraka."

Ungo ukasimama. "Njo yeye."

Onema alipiga magoti kando ya beseni. Kulikuwa na kitu alichokimeza miaka ishirini na miwili, na sasa kilipanda. "Mama, ile sauti ya mihogo haikuwa ya Papa. Ilikuwa yangu."

"Baba yako alikuwa na homa siku ile. Mimi njo nilimuwekea kitambaa cha maji kichwani. Unafikiri sijui nani alikaa kwenye foni?" Akatupa kijiwe nje ya ungo. "Yeye alijua. Mimi nilijua. Wewe peke yako njo ulifikiri ni siri."

Onema aliushika ukingo wa beseni.

"Usimuue," mama alisema. "Ukimuua utakuwa umemusaidia. Mimi nataka aseme. Muulize kama unavyouliza simu."

Kesho yake saa nane benchi lilikuwa limejaa kuliko kawaida. Kassim hakukaa. Falone alikuwa ameshika simu yake mkononi, kamera imefunguliwa, kama Onema alivyomwomba. Mchungaji wa Mikelenge naye alikuwepo, na leso yake.

Papa Blaise alifika akitabasamu. Onema akamsogezea kiti, kisha akampa simu. Duara lilizunguka, likazunguka, likakwama.

"Bado imekufa, fundi."

"Iangalie tarehe, Papa."

Alitazama. Onema alikuwa ameirudisha nyuma kwa mkono wake mwenyewe, mwezi kwa mwezi, mwaka kwa mwaka, kwa sababu simu hiyo ilikubali tarehe yoyote. Kioo kilisema: 6 Agosti 2002.

Tabasamu halikutoka mara moja. Lilibaki usoni kama kitu kilichosahauliwa hapo.

"Hii ni nini?"

"Ni siku uliyokuja kwetu, Komanda Radi. Ulimchukua mtu wa foni."

"Mimi si Radi."

"Simu yako inasema hivyo."

"Ni jina la muchezo tu! Na Radi walikuwa wengi. Mimi nilikuwa askari mudogo, wa kubeba vitu. Mutu wa foni simujui." Alitaka kusimama. Kassim alikuwa nyuma ya kiti chake, na nyuma ya Kassim kulikuwa na watu wengine watano ambao hawakuja kutengeneza kitu.

Onema alikuwa amelifikiria swali hilo tangu alfajiri. Aliliuliza kwa sauti ya mtu aliyechoka, kana kwamba tayari ameshindwa: "Humjui yule mzee aliyeomba kwenye foni watu wa Kalima watume mpunga?"

"Mihogo," alisema Papa Blaise.

Alisema haraka, kwa kukereka kidogo, kama anavyosahihishwa mtoto. Halafu akasikia alichokisema. Hata mwavuli wa Falone ulisikika ukipigapiga kwenye upepo.

"Ndiyo," Onema alisema. "Mihogo. Na sauti haikuwa yake, ilikuwa yangu. Mimi njo nilisema. Nilikuwa juu ya dari, umesimama chini yangu. Ungetazama juu, ungenipata." Akavuta kiti chake karibu, magoti yakagusana. "Sasa unijibu kama anavyojibu kila mtu anayeketi hapa. Alikufa namna gani? Na mbele ya kufa, alisema nini?"

"Na mujomba wangu?" Kassim alisema juu ya kichwa chake. "Yeye alisema nini?"

"Na bwana ya dada yangu," mwanamke mmoja akasema kutoka nyuma. "Alitoka kutafuta chumvi."

"Na Abdoul wa stesheni!"

Majina yakaanza kumiminika. Chupa ya mafuta ikatokea mkononi mwa Kassim, kofia safi ikaanguka chini na mtu akaikanyaga. Mchungaji akafungua kinywa kuomba watu watulie, kisha akatazama uso wa Papa Blaise, mtu wa safu ya kwanza, na akakifunga. Onema alisimama, akainyakua chupa, akaitupa kwenye reli.

"Hapana! Akiungua, ataungua na majibu yote. Tutabaki tunauliza majivu. Huyu ataishi. Nataka aishi sana. Nataka kila asubuhi aulizwe." Akamgeukia. "Jibu, Papa. Sisi hatuna haraka."

Ndipo Papa Blaise alipojibu, akitazama kile kioo chenye tarehe, na simu ya Falone ikanywa kila neno. Alisema walimpeleka pembeni mwa reli, kando ya lile behewa la treni lililoanguka zamani karibu na stesheni. Alisema walimuuliza mpaka jua likawa juu, mihogo maana yake nini, bunduki ngapi, njia gani. Alisema risasi ilikuwa moja.

"Na alisema nini?"

"Neno lile lile tu. Tulimupiga, anasema lile lile. Alisema..." Alifuta mdomo. "Alisema, mihogo ni mihogo."

Kuna mtu kwenye benchi aliyetoa sauti iliyofanana na kicheko na haikuwa kicheko. Onema hakulia. Miaka yote alikuwa akiogopa kwamba mwishoni baba yake alilitaja jina lake, kwa hasira au kwa maumivu. Baba hakulitaja. Aliwaambia ukweli mtupu, ule ule, na wakamuua kwa sababu hawakuwa na sikio la kuusikia. Hasira ya Onema haikupungua kwa hilo. Ilinyooka tu, ikawa na mahali pa kwenda.

"Behewa lile," alisema, "mimi napita hapo kila siku na chakula changu mkononi. Kesho asubuhi saa kumi na mbili utakuja na beleshi. Wewe mwenyewe, si kibarua. Mkubwa wa avenue, yule wa mtaa wetu, atakuwepo na daftari lake, na hii video tutaipeleka kwa wale walioniambia nilete mwili. Wanataka mwili? Watapewa. Na wewe utapelekwa pamoja nao."

"Na nisipokuja?"

Kassim aliinama mpaka sikioni mwake. "Nyumba ya orofa inaonekana mbali, Papa."

Watu wanne walimsindikiza nyumbani na wakakaa langoni.

Asubuhi iliyofuata Onema alifika kwenye behewa ukungu ukiwa bado umelala juu ya mto. Behewa limelala kwa ubavu, limeliwa na kutu, na nyasi zimetoka madirishani. Mama Émilienne alikuwa ametangulia. Kassim alimbeba kwa pikipiki, taratibu, bila kumwangusha, na kumwekea kiti cha plastiki karibu na reli. Mama alikuwa amevaa kitenge chake cha sikukuu. Kwenye mapaja yake kulikuwa na nguo nyeusi iliyokunjwa vizuri, mpya, yenye alama za mikunjo ya miaka mingi sandukuni.

Papa Blaise alichimba. Kofia hakuwa nayo. Mwanzo alichimba kwa adabu, akiweka udongo pembeni kama mtu anayeonyesha kazi. Kisha jasho likamshika, shati likamganda, akaanza kupumua kwa mdomo. Watu waliokuwa wakienda sokoni walitua mizigo yao na kusimama. Mkubwa wa avenue alikuwa akiandika kwenye daftari lake. Jua lilipotoka juu ya miti ya ng'ambo, shimo lilikuwa limefika magotini mwake.

Beleshi lilivuta kitu. Onema alidhani ni mzizi. Akainama, akakishika kwa vidole, akakipangusa udongo. Ulikuwa waya wa shaba, umekuwa kijani, umezungushwa mara mbili, na ncha zake zilikuwa bado zimesokotwa kwa koleo.

Akaenda nao hadi kwenye kiti, akauweka kwenye kiganja cha mama yake. Mama Émilienne aliutazama. Akaukunja mkono. Akafungua kitambaa cha kichwa, akakiangusha chini, nywele zake nyeupe zikabaki wazi mbele ya watu wote, na ule mlio uliokuwa umengoja miaka ishirini na miwili ukamtoka, mrefu, mpaka wanawake wenye mizigo wakaushika na kuupandisha.

Ulipotulia, Papa Blaise alikuwa amekaa kwenye ukingo wa shimo, beleshi limelala kando yake. Mikono yake ilitoka damu.

"Nimechoka, mama," alisema. "Niache nipumzike kidogo."

Mama Émilienne alijifuta uso kwa ile nguo nyeusi. "Kiko kiatu cha pili, baba," alimwambia. "Chimba polepole. Sina haraka."

Papa Blaise akalichukua beleshi, akashuka tena shimoni.